Mtu wa Pili

Mgeni afikapo Ujiji, neno la kwanza aulizalo ni mahali pa mwembe. Huongozwa hata penye ukumbusho, akaambiwa ya kuwa hapa ndipo Stanley alipokutana na Dakta Livingstone mwaka 1871. Huyatazama maandishi, hupiga picha yake, kisha huenda zake na majina mawili kichwani. Sisi tukaao mji huu tumekwisha kuzoea, wala hatumlaumu. Lakini ukikisoma kitabu alichokiandika Stanley mwenyewe, utaona ya kuwa mtu wa kwanza kumwamkia kwa Kiingereza katika umati ule hakuwa Livingstone. Alikuwa Susi, mtumishi wake, ambaye alikwisha kuamkia akaenda mbio kumpasha bwana wake habari. Na katika msafara wa Stanley, mkuu wa askari alikuwa Sidi Mubarak Bombay, aliyeijua njia ya Ujiji miaka 13 kabla ya Stanley kuiona.

Leo twataka kusema habari za watu wa namna hiyo, na hasa wale walio katika sinema. Maana sinema nayo ina watu wake wa kwanza na watu wake wa pili. Mtu wa kwanza ni yule ambaye sura yake hubandikwa ukutani. Mtu wa pili ni mlinzi afunguaye lango, mpishi aletaye chai, rafiki asikilizaye siri, mjomba achekeshaye watu wakati wa huzuni. Siku hizi sinema si jambo geni hata katika vijiji vyetu vya ufukoni. Kijana huitazama katika simu yake, na katika mabanda ya video watu huketi juu ya mabenchi wakafasiriwa maneno ya Wahindi na Wachina kwa Kiswahili. Waulize watoto jina la shujaa, watalitaja mara moja. Waulize ni nani yule aliyefungua lango, watakucheka.

Na tumtazame kwanza huyo Bombay, maana maisha yake yalikuwa kama mchezo mrefu ambao yeye siku zote alikuwa wa pili. Alizaliwa katika nchi ya Wayao, akakamatwa utotoni, akauzwa, akapelekwa India. Huko alikaa miaka mingi hata bwana wake alipokufa, naye akawa huru, akarudi Unguja. Mwaka 1857 Burton na Speke walimkuta akiwa askari wa Sultani, wakamchukua. Kwa kuwa alijua Kihindustani, aliweza kusema na Speke, na kwa kinywa chake maneno ya Mzungu yaliwafikia watu wa bara. Aliwasili nao katika ziwa letu mwezi wa Februari 1858. Baadaye alifuatana na Speke na Grant hata chanzo cha mto Nile, kisha na Stanley, kisha na Cameron, wakaikata Afrika toka bahari hata bahari, wakafika pwani ya magharibi mwaka 1875. Chama cha Jiografia cha London kilimpa nishani ya fedha. Hata hivyo katika vitabu vya mabwana zake mara asifiwa, mara atukanwa, na kitabu chenyewe ni cha mwingine.

Mwaka 1990 sinema ilitolewa ya safari ya Burton na Speke, jina lake Mountains of the Moon. Wachezaji wa kwanza walikuwa Patrick Bergin na Iain Glen. Bombay aliigizwa na Paul Onsongo, Mkenya. Twaliona jambo hili kuwa la kutafakari: yule aliyekuwa mtu wa pili katika safari ya kweli alikuwa mtu wa pili tena katika picha ya safari, na mchezaji aliyempa uso na sauti naye jina lake halijulikani na watu wengi wa huku, ijapokuwa habari yenyewe ni ya ziwa letu.

Haya yote yangekuwa mazungumzo ya jioni tu, kama si mzee mmoja, mvuvi wa Kibirizi, aliyetujia kwa huzuni. Mwanawe tulimfundisha sisi kusoma. Kijana huyo alipanda gari moshi kwenda Dar es Salaam, akaingia kazi ya kuigiza, na sasa ulikuwa mwaka wake wa sita.

Mzee akasema, “Mwalimu, mimi nimevua dagaa usiku hata macho yameharibika, ili mtoto asome. Sasa namwona katika picha. Leo ni mlinzi wa lango. Kesho amebeba sinia. Kesho kutwa ni mlinzi tena. Haketi mezani, haoi, hasemi maneno kumi. Majirani huniuliza kama mwanangu bado afungua lango la watu. Nimemwekea fungu katika mashua pamoja na ndugu zake. Nakuomba umwandikie barua arudi.”

Tulimwomba mzee atupe siku chache. Barua ya namna hiyo si jambo jepesi. Mtoto huweza kuitii akarudi na uchungu, au kukataa akapotea kabisa. Tukajiuliza maneno matatu. Je, kazi ya mtu wa pili ni kazi ya kweli? Je, mtu aweza kuishi nayo hata uzee? Tena, je, haki yake humfikia?

Kwa swali la kwanza tulikumbuka sinema ya Wajerumani ya mwaka 2001, Nirgendwo in Afrika, maana yake Hakuna Mahali katika Afrika. Yasimulia jamaa ya Wayahudi waliokimbilia Kenya katika mwaka 1938 kwa kuogopa Wanazi. Mume na mke hugombana, shamba ni kavu, na mtoto wao wa kike hana mwenzi. Mpishi wao ni Owuor, aliyeigizwa na Sidede Onyulo wa Kenya. Kwa kazi ni mpishi tu. Lakini ndiye amfundishaye mtoto lugha na desturi, ndiye anayeifanya nchi ngeni iwe nyumbani. Mwondoe Owuor, na habari yote yaanguka kama nyumba iliyotolewa nguzo ya kati. Mwaka 2003 sinema hiyo ilipewa tuzo ya Oscar ya sinema bora ya lugha ya kigeni. Basi kubeba sinia si neno la aibu. Neno ni jinsi mtu alivyolibeba.

Kwa swali la pili tulitazama mbali, India ya kusini, wanakotengeneza sinema kwa lugha ya Kitamil. Huko alikuwako mwanamke jina lake Manorama. Aliingia katika sinema mwaka 1958, akafa mwaka 2015, na muda huo wote aliigiza katika picha zaidi ya 1,000, nyingi katika hizo akiwa mchekeshaji, au mama, au nyanya, si yule binti anayependwa. Wengine waliocheza naye wakiwa mbele yake, M. G. Ramachandran na Jayalalithaa, waliiacha sinema wakawa mawaziri wakuu wa jimbo la Tamil Nadu. Yeye alibaki katika kazi yake. Mashujaa walizeeka, wakaja mashujaa wapya, na kila aliyekuja alimkuta Manorama yuko. Uzuri wa ujana hauchukui miaka 50, lakini ufundi huweza.

Swali la tatu ndilo lililotusumbua. Huko Marekani tuzo za Oscar zilianza mwaka 1929, lakini wachezaji wa nafasi ya pili hawakuwa na tuzo yao mpaka mwaka 1937. Na hata hapo kwa miaka kadha walipewa kibao tu, hali wenzao wa kwanza wakipewa sanamu. Ndipo mwaka 1944 wakaanza kupewa sanamu kamili. Hapa kwetu jambo ni zito kuliko kibao na sanamu. Wasomaji wamkumbuka Amri Athumani wa Tanga, aliyeitwa King Majuto, ambaye nchi nzima ilicheka kwa ajili yake. Alipokuwa mgonjwa mwaka 2018, mikataba yake ikawa neno la kuzungumzwa hadharani, na Serikali ikaunda kamati ya kuichunguza mikataba ya wasanii. Alikufa mwezi wa Agosti mwaka huo huo. Ikiwa mtu mwenye jina kubwa hivyo huweza kuwa na shida ya mikataba, mfungua lango atakuwaje?

Tulikwenda Kibirizi asubuhi, wakati dagaa wakianikwa. Tukamweleza mzee habari za Owuor na za Manorama. Alisikiliza kwa adabu, lakini tuliona hazikumwingia; walikuwa watu wa mbali. Ndipo tukamuuliza, “Mzee wetu, wamkumbuka Rashidi Kawawa?”

Akasema, “Simba wa Vita! Nani asiyemjua?”

Tukamweleza ya kuwa mwanzoni mwa miaka ya 1950 Kawawa alikuwa mchezaji wa sinema, akaonekana katika picha iitwayo Muhogo Mchungu, naye huko alikuwa mtu wa kwanza. Lakini katika kazi kubwa ya maisha yake alikuwa mtu wa pili. Mwezi wa Januari 1962 Nyerere alipouacha uwaziri mkuu ili akakijenge chama, Kawawa aliushika. Mwezi wa Desemba nchi ilipokuwa Jamhuri na Nyerere akawa Rais, Kawawa alikuwa Makamu wake. Hakugombana kwa ajili ya kiti. Alitumika hivyo miaka mingi, akafa tarehe 31 Desemba 2009, na heshima yake haikupungua kwa kuwa wa pili.

Mzee alinyamaza kitambo, akizigeuza dagaa kwa mkono. Kisha akasema neno ambalo sisi, pamoja na vitabu vyetu, hatukuwa tumelifikia.

“Mwalimu, katika mashua yangu yuko mtu wa taa. Zamani ilikuwa karabai, siku hizi ni taa za betri. Yeye hukaa na taa mpaka dagaa wakusanyike. Wavu ukivutwa, watu husifu wavu. Lakini taa ikizimika, sote twarudi na maji. Mimi simdharau mtu wa taa. Ila fungu lake nampa asubuhi hiyo hiyo, hapa pwani, mbele ya wenzake, nao wakihesabu. Mwanangu je? Fungu lake humpa nani, na nani ahesabuye?”

Basi barua tuliyoandika haikuwa ya kumwita nyumbani. Ilikuwa na maswali ya baba yake. Je, una mkataba ulioandikwa? Picha ikiuzwa mara ya pili, wewe wapata nini? Jina lako laandikwa mwishoni? Nasi tukaongeza ya kuwa nchi yetu ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Na neno hakishiriki lafaa lifikiriwe, maana ni haki ya walioshiriki kazi, si ya mwenye kuitunga peke yake.

Jibu lilikuja. Kijana alikuwa akilipwa kwa siku, kwa maneno ya mdomo tu, na katika picha nyingine jina lake halikuwako kabisa. Tangu hapo alianza kuomba karatasi kabla ya kuvaa nguo za mlinzi. Kwa kuomba huko alinyimwa nafasi moja, ikapewa mwingine asiyeuliza. Baadaye alipata nyingine iliyoandikwa, fedha kidogo, lakini jina lipo. Hatusemi ya kuwa mambo yake yamenyoka. Baba yake hajaliuza lile fungu la mashua. Asema, “Lipo. Akichoka, ajue lipo.” Twaona hilo lamtia kijana nguvu kuliko barua yetu, maana mwenye mahali pa kurudi haogopi kudai haki yake.

Wazazi wenzetu, mtoto akichagua kazi ya mtu wa pili, iwe katika sinema, au katika kwaya, au katika ofisi, tusimwulize lini atakuwa wa kwanza. Si kila mtu atakuwa wa kwanza, wala dunia haiendi kwa watu wa kwanza peke yao. Tumwulize kama aijua kazi yake sawasawa, na kama fungu lake lahesabiwa mbele ya watu.

Na wewe msomaji, utazamapo picha usiku katika banda, utaona ya kuwa mwishoni majina hupanda juu ya kioo, meupe, madogo, haraka haraka, na watu wote wamekwisha kusimama wakitafuta viatu vyao. Keti kidogo. Msomee mwenzako asiyejua kusoma japo majina matatu ya chini.