Lugha Iliyorudi Redioni

Kila nifundishapo mada ya lugha na uraia, wanafunzi wangu hutarajia nianze na katiba na sheria. Mimi huanza na mtangazaji wa redio, Salvador Escamilla, aliyezaliwa Barcelona mwaka 1931.

Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania vilipokwisha mwaka 1939, utawala wa Jenerali Francisco Franco ulikiondoa Kikatalani shuleni, ofisini na redioni. Wazazi waliendelea kukizungumza nyumbani, lakini watoto wao walifundishwa kusoma na kuandika kwa Kihispania. Lugha yenye fasihi ya karne nyingi ikabaki bila mahali pa kusikika hadharani.

Mwaka 1964, Franco akiwa bado madarakani, Escamilla alianzisha kipindi cha Radioscope katika kituo cha Ràdio Barcelona. Kilitangazwa kila siku, kwa Kikatalani. Udhibiti wa serikali ulikuwapo, na vituo vyote vililazimika kupokea taarifa ya habari kutoka redio ya taifa, kwa Kihispania. Escamilla hakukigeuza kipindi kuwa jukwaa la hotuba. Alipiga muziki, alizungumza na wageni, na aliwafungulia mlango waimbaji wa Nova Cançó, yaani Wimbo Mpya. Mwaka 1965 alimkaribisha kijana asiyejulikana aliyeitwa Joan Manuel Serrat. Miaka mitatu baadaye kijana huyo aliteuliwa kuiwakilisha Hispania katika mashindano ya Eurovision. Alishikilia kuimba kwa Kikatalani, na nafasi yake akapewa mwingine.

Linalonivutia ni kwamba Escamilla hakumwomba msikilizaji aionee huruma lugha yake. Alimpa sababu ya kufungulia redio.

Franco alifariki mwaka 1975. Mwaka 1979 Kikatalani kikawa lugha rasmi ya Katalunya pamoja na Kihispania, na mwaka 1983 zikaanzishwa Catalunya Ràdio na televisheni ya TV3. Sisemi kwamba sheria haina kazi: bila shule, kizazi kizima kilijua kusema lugha yake na kisijue kuiandika. Lakini sheria ilipofika, ilikuta wasikilizaji wanaingoja. Escamilla aliishi kuyaona hayo yote; alifariki mwaka 2008.

Kwetu Uganda mambo yamekwenda kinyume. Tangu marekebisho ya mwaka 2005, Katiba inakitaja Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili. Sheria tunayo, matumizi ndiyo haba. Kwa hiyo, wanafunzi wangu, msingoje amri nyingine. Salimianeni kwa Kiswahili, tanianeni kwacho, sikilizeni nyimbo zake, mwandikieni rafiki ujumbe mfupi kila siku. Haba na haba hujaza kibaba, na lugha hukaa pale inapopewa kazi ya kufanya.