Yule mtoto wa mkahawani

Juzi tulitazama filamu ya zamani, The Battle of Algiers, iliyotengenezwa mwaka wa 1966 na Gillo Pontecorvo wa Italia. Inaeleza vita vya Waaljeria kudai uhuru kwa Wafaransa. Tulikuwa watu kumi hivi, wengi wao wakimbizi wa ndani.

Usiku, polisi Wafaransa wanatega bomu mtaa wa Kasbah. Familia zinafukiwa na nyumba zao. Kisha mwanamke Mwaljeria anaingia mkahawani na bomu ndani ya mkoba. Anatazama watu: mtoto mmoja analamba aiskrimu. Bado anauacha mkoba. Baadaye askari wanatesa wafungwa, na kanali wao anaeleza sababu kwa utulivu.

Kijana mmoja akauliza: "Sasa wazuri ni nani?" Mama mmoja nyuma akajibu: "Mie naangalia tu yule mtoto."

Jibu hilo lilinichoma. Mwaka jana nilisoma redioni kwamba "washukiwa wanne" wameuawa, vile afisa mmoja alivyoniambia. Kesho yake baba mmoja alinifuata: mmoja wao alikuwa mwanawe, alikwenda shamba kuchimba muhogo. Mimi sikuwa nimeuliza.

Filamu haisemi pande zote ni sawa. Anayedai nchi yake ana haki. Lakini haifichi sura za wanaokufa, wa upande wowote. Siku hizi, kabla ya kusoma neno "mshukiwa", nauliza kwanza jina lake na kwao ni wapi.