Vaa Viatu Twende

Kama ulilelewa Kenya, huenda kuna mtu mzima aliyewahi kukuambia, "Kimbia uvae viatu twende." Ukakimbia. Uliporudi, kiatu cha kulia kikiwa mguu wa kushoto, nyumba ilikuwa kimya. Walikuwa wameshahepa.

Siku hizi tunaisimulia hiyo stori mitandaoni tukicheka, pamoja na ile ya mkebe wa aiskrimu uliojaa maharagwe yaliyogandishwa, na ile ya mbegu ya chungwa itakayoota tumboni ukiimeza. Tunaziweka kapu moja. Mimi naona hazifanani hata kidogo.

Mkebe ni utani. Unafungua, unakuta maharagwe, unanuna dakika mbili, na kesho wewe ndiye unamtuma mdogo wako akaufungue. Lakini ya viatu? Hakuna anayerudi kukuambia ilikuwa mchezo. Unabaki mlangoni na viatu vyako.

Mpwa wangu alikuja kukaa nami akiwa na miaka 5. Dada yangu alikuwa amepata kazi ya nyumbani Saudia, mkataba wa miaka 2. Siku ya ndege, mtu mzima mmoja aliona njia rahisi ni ile ile: vaa viatu twende. Wiki za kwanza kwangu, mtoto alikataa kuvivua. Alikula navyo, akatazama katuni navyo. Nilimvua akishalala. Nikienda bafuni tu, nasikia miguu yake imefika mlangoni.

Hotuba sikuwa nayo. Usiku mmoja nikajaza tishu kwenye ncha za viatu vyake. Asubuhi anasukuma mguu, hauingii.

"Anko, kiatu imekataa."

"Ni ile ugali ya jana," nikamwambia bila kucheka. "Miguu imekua usiku."

Akaitazama miguu yake kwa heshima kubwa. Kisha akaingiza mkono, akavuta tishu, akanikazia macho. Hapo niliogopa. Halafu akaangua kicheko mpaka akakaa chini, viatu vikiwa pembeni, miguu mitupu.

Wanasaikolojia husema ni karibu na miaka 4 ndipo watoto wengi huanza kuelewa kwamba mtu anaweza kuamini kitu kisicho kweli. Kabla ya hapo, ni vigumu kwa mtoto kuona kwamba umemchezea. Anaona tu kilichomtokea. Ndio maana zile video zilizojaa TikTok 2023, mzazi akivunja yai kwenye paji la uso la mtoto mdogo, hazikunichekesha. Mtoto wa miaka 2 atakurudishia na nini?

Na kurudishiana ndio utani wenyewe. Nyanya anamwita mjukuu wake "mume wangu". Mjukuu naye ana ruhusa ya kumwambia mke wake amezeeka, na hakuna anayekasirika. Utani wa upande mmoja ni uonevu uliovaa tabasamu.

Mpwa wangu amenirudishia vizuri sana. Jumatatu moja kiatu changu cha kushoto kilipotea. Nimetafuta chini ya kitanda, nyuma ya kochi, huku konda wa matatu akipigia watu kelele nje. Yeye ametulia, anakunywa chai. Kiatu kilikuwa ndani ya friji, kando ya maziwa.

"Nimekucheza!"

Nilichelewa kazini nikiwa na mguu mmoja baridi. Sijui kama ulikuwa mchezo tu ama alitaka nisiende. Pengine yote mawili.

Kwa hivyo tuna mkataba wetu. Kwenye tishu, friji na ugali, tunachezana tutakavyo. Kwenye kuondoka, hakuna mchezo. Nachuchumaa, namwambia usoni: naenda kazi, narudi saa moja jioni. Kuna siku analia. Analia nikiwa pale, anashika shati langu, kisha naenda. Saa moja, matatu ikikubali, niko mlangoni.

Mama yake akipiga simu, swali huwa ni lile lile: zimebaki siku ngapi? Kalenda iko ukutani, tunazihesabu pamoja kwa sauti. Ni nyingi bado. Hatumpunguzii hata moja.