Jina la Kwenye Kadi

Kwa miaka miwili na nusu nilicheza mpira kwa jina la mdogo wangu. Sitaliandika hapa. Nimeshalitumia vya kutosha.

Ilikuwa Februari 2010. Nilikuwa na miaka 20, nimemaliza Form Four, nashinda Camp Toyoyo pale Jericho asubuhi mpaka jioni kama mtu aliyeajiriwa na uwanja. Mwaka huo kila kijana wa Eastlands alikuwa na sababu ya kuota. Mariga, kijana wa Muthurwa, alikuwa ametoka tu kujiunga na Inter Milan, na Mei walipobeba kombe la Ligi ya Mabingwa tulisherehekea kana kwamba ni sisi tuliomkatia tiketi ya ndege. Kwa hivyo kocha wa chipukizi wa klabu moja ya ligi kuu aliponiita kando baada ya mechi ya mtaani, niliona mlango umefunguka.

Aliniangalia miguu, akaniangalia uso. "Una miaka mingapi?"

"Ishirini."

Akacheka. "Hiyo sijasikia. Enda nyumbani urudi ukiwa na kumi na sita."

Hakunieleza namna. Mdogo wangu alizaliwa 1994 na alikuwa akiishi na nyanya yetu Kakamega, anasoma na kucheza winga huko shuleni. Cheti chake cha kuzaliwa kilikuwa Nairobi, ndani ya sanduku la bati chini ya kitanda cha Mama. Nilimpigia kwa simu ya nyanya. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Chukua tu, bro. Mimi sina haraka."

Sentensi hiyo nimeirudia kichwani mara nyingi kuliko bao lolote nililowahi kufunga.

Watu wa nje hudhani timu ya akiba ni ngazi: unaanza chipukizi, unapanda akiba, unapanda kikosi cha kwanza. Kwenye karatasi ni hivyo. Ile niliyoijua mimi ilikuwa stoo. Mchezaji wa kikosi cha kwanza aliyetoka kwenye jeraha aliletwa kwetu apate dakika, na wewe uliyefanya mazoezi wiki nzima ukampisha. Aliyekosana na kocha mkuu alishushwa kwetu kama adhabu, akacheza kwa hasira, akitupigia kelele utadhani ni sisi tuliomshusha. Katikati ya wiki tuliitwa kusimama mbele ya wakubwa ili wajifunze kutupita. Mwenzangu mmoja alisema sisi ni koni zinazopumua. Siku ya mechi tuliokota mipira. Nauli ilikuwa shilingi mia, ikija. Isipokuja tulitembea.

Lakini sitaki kudanganya mara ya pili: nilipenda. Nilipenda jezi iliyopauka yenye nambari ya mtu aliyekwisha kuondoka, harufu ya dawa ya kuchua misuli, chai na mandazi ya kibandani baada ya mazoezi. Nilipenda kupanda matatu na begi la klabu, nikiliweka magotini huku nembo ikiwatazama abiria.

Shida ilikuwa jina. Kocha akiita, sikugeuka. Miezi ya kwanza alidhani nina tatizo la masikio, akawa ananirushia kokoto. Na sikuwa peke yangu. Chumba kile cha kubadilishia nguo kilijaa watu wenye majina mawili, la nyumbani na la kwenye kadi. Kulikuwa na beki aliyenyoa ndevu asubuhi na kuzinyoa tena saa tisa kabla ya mazoezi. Tulimwita Babu. Alikuwa na mke na mtoto, na kwenye kadi alikuwa na miaka 17.

Mwaka uliotangulia, kwenye Kombe la Dunia la vijana wasiozidi miaka 17 kule Nigeria, FIFA ilikuwa imeanza kupima umri kwa mashine ya MRI. Wanapiga picha ya kifundo cha mkono. Kama mfupa umeshafunga pale unapokulia, basi umri ulioandika una maswali. Habari hiyo ilitufikia ikiwa na chumvi nyingi. Ikasemekana mashine inaletwa Nairobi. Babu alifunga bandeji mkononi wiki nzima, akidai ameanguka bafuni. Hakuna mashine iliyokuja. Nafikiri thamani yetu sote haikufika bei ya picha moja.

Hesabu yenyewe nilikuja kuielewa baadaye. Mchezaji akiuzwa nje ya nchi, kanuni za FIFA zinataka asilimia 5 ya ada igawiwe klabu zilizomlea kati ya miaka 12 na 23. Isitoshe, wakala anayetafuta wachezaji wa kupeleka Ulaya humwona wa miaka 16 kama shamba changa. Wa miaka 20 ambaye hajagusa ligi hamwoni kabisa. Klabu haikujua ni nani kati yetu atauzwa, kwa hivyo ikatupunguza sote, kama mtu anayenunua tikiti nyingi za bahati nasibu. Wakubwa nao hucheza mchezo huo huo: Guinea walimaliza wa pili Afrika mwaka 2019 na bado wakanyimwa Kombe la Dunia la vijana kwa ajili ya umri wa wachezaji wawili.

Mimi nilikaa benchi la kikosi cha kwanza mara mbili. Dakika zangu za ligi kuu ni sifuri. Katikati ya 2012 alikuja kocha mpya, akasimama uwanjani na karatasi, akasema atakayesikia jina lake abaki. Jina la mdogo wangu halikusomwa.

Januari 2013 mwenye jina akaja Nairobi. Alikuwa na miaka 18 halali. Nilimpeleka mwenyewe kwenye majaribio ya klabu nyingine, nikakaa kwenye nyasi na maji yake na simu yake. Aliupokea mpira upande wa kushoto, akamwacha beki amekaa chini, akaupiga krosi bila kuinua kichwa. Mzee mmoja kando yangu akauliza, "Huyu ni wa nani?" Nikasema ni wangu. Nilikuwa nimejua tangu utotoni kwamba kati yetu wawili yeye ndiye mchezaji. Nilikuwa nimejifanya sijui.

Wakamwambia alete karatasi Jumatatu. Jumatatu saa nne akanipigia. "Bro, wanasema nishasajiliwa."

Jina lake, tarehe yake, nambari ya cheti chake, vyote vilikuwa kwenye rekodi, chini ya picha yangu. Karani alimuuliza nani kati ya hawa wawili ni mwongo. Klabu hiyo haikutaka kesi, ikamwambia akasafishe mambo kwanza.

Nilirudi kwenye klabu yangu ya zamani kuomba barua. Ofisa aliyenipokea alifunga mlango. "Unataka tuandike kwamba tulidanganya?" Nikamwambia basi nitaenda kwenye shirikisho mimi mwenyewe, nikiri. Hakukasirika hata kidogo. Alisema, "Enda. Na wakitoa adhabu, unafikiri wataiandika kwa jina la nani?"

Sikuenda. Nimejiambia miaka yote hii kwamba nilikuwa namlinda mdogo wangu. Kuna siku naamini. Kuna siku nakumbuka kwamba nilipotoka ofisini humo, kitu cha kwanza nilichohisi ni nafuu.

Alicheza mashindano ya mitaani misimu miwili hivi, kisha akachukua pikipiki kwa mkopo. Sasa ana pikipiki tatu na vijana wawili wanaomfanyia kazi. Hajawahi kunilaumu. Tukiwa na wageni hunitania tu: "Jina langu limekaa benchi Nyayo. Mimi mwenyewe sijawahi." Watu hucheka, nami hucheka.

Mwezi uliopita alinitumia ujumbe. Mwanawe wa kwanza, miaka 10, alikuwa amepata nafasi kwenye akademia moja Umoja, na Jumamosi ndiyo siku ya kuandikishwa. Yeye alikuwa na safari. "Mpeleke wewe. Cheti kiko kwa bahasha, mama yake atakupa."

Ndani ya matatu niliisoma ile tarehe ya kuzaliwa mara tatu, mtoto akinitazama.

Kocha alikuwa kijana mdogo, kiti cha plastiki, daftari magotini. Sikuweza kujizuia. Nilimuuliza kama hapo huwa wanapunguza miaka.

Aliangalia huku na huku, akapunguza sauti. "Kwani mzee unataka tumpunguze? Miwili inawezekana, mwili wake ni mdogo."

"Hapana," nikasema. "Andika kama ilivyo."

Akaandika. Alipomaliza akawapanga watoto mstari mmoja, akaanza kuwaita kwa majina kamili, la mtoto kwanza, kisha la baba. Alipofika kwa wetu nilisikia lile jina la pili likipita juu ya uwanja, sauti ya kocha, asubuhi, kama zamani.

Mtoto aliitika, "Niko!" Mkono wangu ulikuwa umeshaanza kuinuka.