Mpenzi, Leveli Yangu Usiiguse!

Hivi mwenzio akikurahisishia kila kitu bila kukuuliza, huo ni upendo au anakupora? Usicheke, mimi swali hili lilinijia kwenye gemu la kompyuta!

Nafanya kazi Masasi, mume wangu ni mwalimu Newala. Wikiendi napanda kwake, na baada ya chakula cha usiku tunaunganisha kompyuta mbili kwa waya, tunacheza Diablo II. Najua ni gemu la zamani, la mwaka 2000, lakini halidai intaneti wala kompyuta ya bei mbaya, na wawili mnapigana upande mmoja. Mchawi wangu wa kike alikuwa amefika leveli ya 41. Miezi minne ya jasho, jamani!

Ijumaa moja nafungua, namkuta yuko leveli ya 99, ambayo ndiyo ya mwisho kabisa, na silaha za kutisha. Mume wangu anatabasamu: "Zawadi yako, mke wangu."

Kwa wasiojua, mkicheza namna hii mhusika wako hukaa kwenye faili ndani ya kompyuta yako mwenyewe. Zipo programu zinazofungua faili hilo, unabadilisha nguvu, dhahabu na silaha, kisha zinapiga upya hesabu ya ukaguzi ili gemu lisishtuke. Wahusika rasmi wa Battle.net huwagusi hivyo, maana wanatunzwa kwenye kompyuta za kampuni.

Mimi sizichukii programu hizi. Kila leveli unapewa pointi 5 za mwili na 1 ya ujuzi, na hadi mwaka 2010 ukikosea kuzigawa, ndiyo basi, uanze upya. Wengine walizitumia kurekebisha hilo tu. Na umeme ukikatika faili likaharibika, nani atamlaumu anayerudisha kilicho chake?

Tatizo ni kwamba hakuniuliza. Usiku ule kila adui alianguka kwa pigo moja, na haikufika nusu saa napiga miayo. Nikamwambia: "Mume wangu, mtu aliyepandisha ndoo ya maji kutoka bondeni, hata ukimletea pipa zima, usimwagie ile ndoo yake."

Akanyamaza. Halafu akasema kuna jingine: alikuwa mbioni kulipia kiwanja kwa akiba yetu, eti anishangaze!

Tuliongea mpaka usiku wa manane. Mchawi wangu wa leveli ya 41 akarudi, maana nakala ya zamani alikuwa ameitunza. Jumamosi tukaenda wote kuona kiwanja. Kumbe bomba la maji liko mbali, na Newala maji si jambo la mchezo. Tukakiacha.

Programu ile bado tunayo, ila sheria ni moja: faili la mwenzio haliguswi kabla hamjaongea. Akiba vilevile. Na wewe msomaji, zawadi unayomwandalia mwenzio, una hakika ndiyo anayoitaka?