Kibanda cha Gemu Kilivyonusurika Kufungwa kwa Sababu ya Mafaili ya RAR

Jamaa ana kibanda cha gemu Mbagala, PS2 mbili na tivii za chogo. Juzi kati lenzi ya mashine moja ikakata moto, CD haisomi hata uipulize vipi. Madogo wakaanza kuhamia kwa jirani, na kodi ya fremu hiyo inanukia.

Wakongwe wa PS2 wanaijua dawa yake: memori kadi yenye Free McBoot, flashi, na programu ya OPL. Gemu linapigwa bila CD. Jamaa akajilipua, hela ya kodi akachomoa kidogo akanunua bando, akashusha God of War II usiku kucha. Likaja limebanwa kwenye mafaili ya RAR kibao. Akayatupia yote kwenye flashi, akachomeka. Orodha tupu!

Hapo ndipo wengi wanapochemka. RAR, ZIP, 7z ni mifuko ya kubebea tu. PS2 ni mashine ya mwaka 2000 yenye RAM ya MB 32, haina habari na mifuko yako. Inataka mzigo ulio nje.

Mdogo wake wa kike, yuko chuo, akaja na laptop. Kufungua, kipande cha tano kikagoma, kimeharibika njiani. Jamaa akashika kichwa, bando lenyewe limebaki kiduchu.

“Kaka, tulia. Tunashusha hicho kimoja tu, vingine viko fresh.”

Kweli, ikatoka ISO moja nene. Flashi ya GB 32, lakini ikaikataa! Kumbe iko kwenye FAT32, ambayo haibebi faili moja linalofika GB 4, na God of War II ni gemu la DVD ya tabaka mbili. Binti akafungua USBUtil, akaikata vipande vya GB 1. Akaifomati flashi kwanza, maana vipande vikikaa vimetawanyika gemu linaganda, kisha akavimwaga nje kabisa, siyo ndani ya folda.

Kratos akatokea. Video za katikati zinakwamakwama, tundu la USB 1.1 ni kobe, ila madogo nani anaangalia video? Wanabonyeza tu wapite.

Kodi ililipwa Jumamosi, pungufu ya elfu tano. Binti naye anaidai flashi yake mpaka leo.