Michezo 11 Niliyoiacha Njiani

Usiku mmoja baada ya swala ya Isha, mwanangu mwenye umri wa miaka 12 aliniomba simu ili acheze sataranji kabla ya kulala. Nilimpa bila ya kufikiri. Haukupita muda akanijia, simu mkononi, na uso umejaa mshangao.

"Baba," akasema, "hapa ipo michezo 11 uliyoianza na kompyuta, hukuimaliza."

Nikamjibu kwa utulivu wa mtu ambaye udhuru wake ameutayarisha zamani: "Mwanangu, baba ana shughuli nyingi. Na adhana ikisikika, huacha kila kitu."

Akaitazama tena ile michezo, mmoja baada ya mwingine, kisha akauliza kwa usafi wa moyo: "Lakini mbona yote 11 ulikuwa unashindwa?"

Sikuwa na jibu. Nilimwambia akalale.

Najua wapo wasomaji watakaokunja uso kwa kusikia katibu wa kamati ya msikiti akikiri kwamba hucheza sataranji. Sitawalaumu. Wanazuoni wetu wamehitilafiana juu yake tangu karne za mwanzo. Wapo walioiharamisha, na katika madhehebu ya Imamu Shafii, ambayo ndiyo tuliyosomeshwa wengi wetu wa mwambao huu, kauli mashuhuri ni kuwa ni makuruhu, maadamu haina kamari, haina maneno machafu, wala haimpitishi mtu wakati wa swala. Sikushika kalamu kutoa fatwa. Hiyo ni kazi ya walionizidi elimu. Nimeishika kueleza jinsi mchezo ulivyonifichulia aibu ambayo vitabu nilivyovisoma chuoni havikuwa vimenifichulia, si kwa upungufu wa vitabu, bali kwa upungufu wa msomaji.

Kwa wasioujua utaratibu wake, nieleze kwa ufupi. Anayecheza na kompyuta katika mtandao huchagua kiwango cha ugumu, na huweza pia kuchagua kucheza bila ya saa. Akicheza kwa saa na akaondoka, dakika zake huisha na huhesabiwa kuwa ameshindwa. Asipoweka saa, mchezo hubaki ulipo. Tovuti ninayoitumia huihifadhi michezo ya namna hiyo katika akaunti ya mchezaji, na akirudi huiona imepangwa mahali pamoja, kila mmoja na kibao chake kidogo, kete zikiwa palepale alipoziacha. Akigusa kimoja, mchezo huendelea kana kwamba aliinuka kwenda kunywa maji. Kompyuta haikasiriki kwa kusubirishwa, wala haiulizi alikuwa wapi.

Uvumilivu huo ndio ulionidanganya. Mtu wa barazani hungemfanyia hivyo. Ukicheza drafti na jirani kisha ukainuka pale kete zako zinapokaribia kwisha, atakushika kanzu, na kesho mtaa mzima utajua kuwa umekimbia. Mashine haina mtaa wa kuusimulia. Kwa hiyo nilikuwa nikiona malkia wangu amenaswa, au shaha wangu amezingirwa, nakumbuka ghafla kuwa wakati wa Magharibi umekaribia, nami ni katibu, yanipasa nitangulie msikitini. Nilipokuwa nashinda sikuwa na haraka hiyo. Siku moja, na hili naliandika kwa haya, nilichelewa rakaa mbili za Isha kwa kuwa nilibakiwa na hatua chache nipate ushindi. Almuradi, adhana niliifanya kuwa mlango wa kutokea pale nilipotaka kutoka, na nilipotaka kubaki niliufunga.

Zamani mabingwa nao waliahirisha michezo yao. Mchezo ulipozidi saa zilizopangwa, mchezaji mwenye zamu aliandika hatua yake kwa siri, ikatiwa katika bahasha, bahasha ikafungwa na kukabidhiwa mwamuzi hadi siku ya pili. Desturi hiyo iliachwa katika miaka ya 1990, kwa kuwa kompyuta zilikwisha kuwa hodari kiasi cha kumtafutia mtu jibu usiku kucha. Mwaka 1972, mjini Reykjavik, Boris Spassky wa Urusi ya Kisovieti alikuwa akitetea taji la dunia dhidi ya Bobby Fischer wa Marekani. Mchezo wa 21 uliahirishwa tarehe 31 Agosti, bahasha ikafungwa. Siku ya pili Spassky hakurudi mezani. Alipiga simu kusema kwamba amekubali kushindwa, na taji likaondoka. Nimekuwa nikiifikiri sana simu ile. Mtu amepoteza taji la dunia, lakini hakumwacha mwenziwe akingoja mbele ya kiti kitupu. Kukubali kushindwa nako ni kumaliza.

Siku ya pili nilimwita mwanangu, nikamwambia: "Tukae, tuimalize." Tukakubaliana mchezo mmoja kila usiku baada ya Isha na kazi za madrasa, wala tusianze mpya hadi hii yote iishe. Ilituchukua usiku 11. Minane nilishindwa, kama ilivyokuwa dhahiri tangu awali. Mmoja ulikuwa sare. Miwili nilishinda, na miwili hiyo ndiyo iliyonisumbua zaidi, kwa sababu nilikuwa nimekwisha kujihukumu kuwa nimeangamia ilhali njia ilikuwapo, na sikuiona kwa kuwa sikutaka kutazama.

Katika mchezo wa saba au wa nane, mkono ukiwa juu ya simu, ndipo moyo ulipoanza kunipiga kwa jambo lisilohusu sataranji.

Kila aliyepata kukaa katika kamati anaifahamu ajenda iitwayo Yatokanayo. Ni mahali ambapo mambo ya kikao kilichopita hurejewa: lipi limetekelezwa, lipi bado. Mimi ndiye niandikaye kumbukumbu, na kwa vikao vitano mfululizo nilikuwa nimeandika sentensi moja isiyobadilika: "Suala la upungufu katika michango ya bati za madrasa limeahirishwa hadi kikao kijacho."

Upungufu wenyewe ulikuwa wa shilingi 180,000. Taarifa niliyoiandika mimi ilisema kuwa michango iliyokusanywa ni shilingi 640,000. Mweka hazina wetu, mzee aliyezishika fedha za msikiti tangu mimi ningali mwanafunzi wa juzuu, alikabidhi 460,000, akasema hizo ndizo alizopokea. Hapana aliyemwita mwizi. Watu wetu ni waungwana. Walinyamaza tu, na kunyamaza huko kulikuwa kuzito kuliko tuhuma. Baada ya kikao cha pili mzee aliomba apumzishwe kwa sababu ya umri. Tukamshukuru kwa utumishi wake, na mimi nikaziandika shukrani hizo kwa Kiswahili fasaha.

Stakabadhi zote zilikuwa katika mfuko wa nailoni ndani ya kabati langu. Kuzijumlisha ni kazi ya nusu saa. Sikuzijumlisha. Kila zilipokuja akilini nilikuwa na shughuli tukufu zaidi: maulidi yanakaribia, futari ya pamoja haijapangiwa bajeti, kuna maiti ya kuzikwa. Zote zilikuwa kazi za kweli na za heri, kama ilivyokuwa adhana ya kweli na ya heri. Lakini ndani ya nafsi kulikuwa na sauti ndogo iliyokuwa ikiniambia tangu kikao cha kwanza kwamba 460 na 640 ni tarakimu zilezile, zimepishana tu.

Usiku ule, baada ya mwanangu kulala, niliufungua ule mfuko. Nilijumlisha mara tatu. Jumla ilikuwa 460,000. Kosa lilikuwa langu, la mkono wangu, katika mstari mmoja wa taarifa niliyoinakili usiku nikiwa na usingizi. Kukosea si dhambi kubwa. Kila mwenye kalamu hukosea. Dhambi ni ile miezi mitano niliyokuwa nikishuku kuwa nimekosea, huku nikimwacha mzee wa watu apite mbele ya safu akiwa ameinamisha kichwa.

Historia ya mchezo huu inamtaja Abu Bakr as-Suli, mwanachuoni wa Baghdad wa karne ya 10, aliyekuwa bingwa wa sataranji katika baraza la makhalifa. Aliacha fumbo lenye kete chache mno, lililokaa takriban miaka elfu moja kabla ya kufumbuliwa katika karne ya 20 na bingwa wa Kirusi, Yuri Averbakh. Fumbo lile lilichelewa kwa kuwa watu walilitafutia jibu wasilione. La kwangu lilichelewa ilhali jibu limo kabatini.

Baada ya swala ya Alfajiri nilikwenda nyumbani kwake. Nilimkuta ameketi juu ya mkeka barazani, tasbihi mkononi. Nilimsalimia, nikamwamkia, nikaweka mfuko wa stakabadhi mbele yake. Nilikuwa nimepanga maneno mengi, yaliyotoka yalikuwa machache: "Mzee wangu, kosa ni langu. Uliyokabidhi ndiyo yaliyokuwapo."

Alizitazama zile karatasi bila ya kuzigusa. Akakaa kimya kwa muda nisioweza kuupima. Kisha akasema: "Umekawia, mwanangu."

Hakuongeza neno. Alimwita mkewe alete chai. Tulikunywa, na chai ile ilikuwa chungu kwangu ingawa ilitiwa sukari.

Ijumaa iliyofuata niliomba ruhusa ya imamu na mwenyekiti, nikasimama baada ya swala mbele ya waumini, kwa sababu heshima iliyopotea hadharani haitafutwi chumbani. Nilizitaja tarakimu zote mbili, nikasema ni nani aliyezigeuza. Nilikuwa tayari kuuacha ukatibu. Kamati iliamua nibaki, lakini tangu sasa taarifa yoyote ya fedha isomwe na watu wawili pamoja na stakabadhi zake kabla haijafika kikaoni. Mzee tuliyemwomba arudi katika nafasi yake alikataa kwa upole. Amesema amekwisha kupumzika. Huswali sasa katika safu ya kwanza kama zamani, nami namsalimia kila siku, naye huitikia. Lakini ule mzaha aliokuwa akinitania tangu utotoni haujarudi, na sina haki ya kuudai.

Ndugu wasomaji, hasa nyinyi wazazi wenzangu: kompyuta husubiri, nasi tukiizoea hudhani kuwa na watu husubiri vivyo hivyo. Kete nilizozikuta palepale nilipoziacha zilikuwa za plastiki isiyo na hata plastiki. Ni picha tu juu ya kioo. Mzee yule hakubaki palepale. Kila mwezi nilioahirisha ulimwongezea mvi na kumpunguzia usingizi, na lau ajali yake ingefika kabla ya mfuko ule kufunguliwa, ningekwenda kumwomba nani radhi?

Mwanangu bado huniomba simu jioni. Juzi nilimwona anashindwa vibaya na kompyuta ya kiwango cha chini. Mama yake akamwita kula. Akainuka, kisha akasita, akarudi kukaa, akabonyeza pale panapoandikwa kuwa amekubali kushindwa. Halafu akaenda kunawa mikono.